Baka la bluu kiunoni kwa mtoto sio kipigo

Ile meseji ya kwenye magrupu eti mtoto akiwa na baka la bluu kiunoni au matakoni ujue dada wa kazi anamfinya, jamani tuache kuifowadi, inaumiza watu wasio na kosa. Madaktari wanaita melanositosisi, yaani seli za rangi zimebaki nyingi ndani kabisa ya ngozi, na watoto wetu wengi wanazaliwa nayo, inafifia yenyewe wakikua. Watu wanachanganya kwasababu kweli inafanana na damu iliyovilia. Angalia hivi, ukiligusa mtoto hasikii maumivu na wiki mbili baadae liko vilevile, wakati la kupigwa linageuka kijani, njano, linapotea. Muombe nesi aliandike kwenye kadi ya kliniki. Alama mpya inayouma ndo ya kuwahi nayo hospitali.