Tshibumba na historia iliyochorwa kwenye magunia ya unga

Katika vitabu vingi vya sanaa ya kisasa ya Afrika, Tshibumba Kanda Matulu huwekwa kwenye sura ya "sanaa pendwa", jirani na vibao vya vinyozi na picha za ukutani kwenye baa. Anapewa kurasa mbili, picha moja ya Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, kisha mwandishi anahamia kwa wachoraji waliosoma vyuoni, ambao ndio anaowaona kuwa na hoja. Mimi nafundisha historia ya sanaa na mpangilio huo unanikera. Tshibumba hakujiona kama mali ghafi ya wanahistoria. Alijiita mchoraji na mwanahistoria, na nadhani cheo hicho cha pili ndicho tulichokosa kukisikiliza.

Alizaliwa mwaka 1947 Élisabethville, mji tunaouita leo Lubumbashi, katika ukanda wa shaba wa Katanga, kusini mwa Kongo. Aliishi kwa kuuza picha. Kitambaa kilikuwa cha magunia ya unga, kinapakwa rangi nyeupe kwanza ili kishike rangi nyingine, na picha ikikauka inatembezwa mitaani kutafutiwa mteja. Wateja wake walikuwa watu wa mjini wenye sebule: makarani, walimu, watu wa migodini. Mwishoni mwa 1973 alikutana na Johannes Fabian, mwanaanthropolojia aliyekuwa akifundisha chuo kikuu pale Lubumbashi, na kutoka hapo kukazaliwa mfululizo wa picha 101 zinazosimulia historia ya nchi, kuanzia enzi za mababu na falme za Waluba na Walunda, kupitia kufika kwa Wareno, Mfalme Leopold II wa Ubelgiji, uhuru, vita na utawala wa Rais Mobutu, hadi picha za siku zijazo. Kila alipoleta fungu la picha, walikaa, Fabian akawasha kinasa sauti, Tshibumba akasimulia. Walizungumza Kiswahili.

Fabian alichapisha picha hizo pamoja na mazungumzo yake mwaka 1996. Ninakipenda kitabu hicho na pia nina ugomvi nacho, ila ugomvi nitaufikia baadaye.

Kwanza tuitazame picha moja ya aina ambayo Tshibumba na wenzake waliichora mara nyingi: "Colonie Belge 1885–1959". Bendera ya Ubelgiji inapepea juu ya gereza. Mfungwa amelazwa chini, askari Mwafrika anamchapa kiboko, ofisa Mzungu anaangalia. Wafungwa wengine wamevaa nguo za mistari, na kando kuna wanawake waliokuja kuwaona watu wao. Mwanafunzi makini atanyoosha mkono hapo: tarehe zimekosewa! Mwaka 1885 Kongo ilikuwa mali binafsi ya Leopold II, na serikali ya Ubelgiji iliichukua mwaka 1908 tu. Uhuru nao ulikuja Juni 1960. Ni kweli. Lakini hebu jiulize ni nani anayeuona mpaka wa 1908. Anauona mwanasheria na anauona mwandishi wa kitabu cha shule. Mtu aliyelazwa chini hauoni, kwa sababu kiboko hakikubadilika mwaka ule. Kuziunganisha enzi mbili chini ya jina moja ni hoja ya kihistoria kabisa, tena inayoweza kutetewa mbele ya jopo.

Hivyo hivyo kwenye picha ya Lumumba akihutubia mbele ya Mfalme Baudouin wa Ubelgiji. Maandishi yanasema "Le 30 juin 1960, Zaïre indépendant". Siku ile hapakuwa na nchi iitwayo Zaire. Mobutu aliibadilisha jina Oktoba 1971. Tshibumba alichora chini ya Mobutu, na jina Kongo lilikuwa limekatazwa midomoni. Unaweza kusema alitii sheria. Unaweza pia kusema alimpachika Lumumba katikati ya Zaire ya Mobutu, pale pale alipokuwa hatakiwi kusemwa kwa uhuru, ingawa Mobutu mwenyewe alikuwa amemtangaza shujaa wa taifa mwaka 1966. Naona yote mawili yanasimama.

Picha inayonishika zaidi ni ya kifo cha Lumumba, Januari 17, 1961. Lumumba na wenzake waliouawa naye, Mpolo na Okito, wamelala chini, nyuma yao kuna misalaba mitatu. Damu inatoka ubavuni mwa Lumumba, inatiririka ardhini na kuandika neno: umoja, kwa Kifaransa. Mkosoaji wa haraka atasema ni Golgotha imeazimwa, basi. Lakini kumbuka picha hii imechorwa Katanga, jimbo lililojitenga Julai 1960 chini ya Tshombe, na mauaji yenyewe yalifanyika karibu na Élisabethville. Neno umoja kuandikwa kwa damu kwenye udongo wa jimbo lililoukataa umoja ni shutuma dhidi ya nyumbani, siyo dhidi ya Brussels pekee.

Basi kwa nini sisi wa fani tulimweka pembeni? Nadhani tatizo kubwa ni marudio. Tumefundishwa kutafuta picha moja, ya kwanza, iliyotoka mkono mmoja, na thamani yote tunaijenga juu ya upekee huo. Kule Lubumbashi mteja aliyeona "Colonie Belge" kwa jirani alitaka ile ile, askari yule yule, kiboko kile kile. Ilona Szombati-Fabian na Johannes Fabian walieleza jambo hilo katika makala ya 1976: picha ilinunuliwa kwa ajili ya ukumbusho. Inatundikwa sebuleni, mgeni anakaa, anaitazama, na mazungumzo yanaanzia hapo, ya baba aliyefungwa au mjomba aliyefanya kazi Union Minière, kampuni ya migodi ya shaba. Upya ulikuwa kwenye masimulizi. Picha ilikuwa kama kibwagizo: lazima kirudi kama kilivyo ili beti ziende mbali.

Mji huo huo ulikuwa na sanaa nyingine ambayo vitabu viliipokea kwa mikono miwili. Mwaka 1946 Mfaransa Pierre Romain-Desfossés alifungua karakana ya uchoraji pale, na humo wakatoka Pilipili Mulongoy na ndege na samaki wake, Mwenze Kibwanga na mistari yake myembamba, Bela aliyechora kwa ncha za vidole. Ni kazi nzuri, sibishani. Ila ziliingia makumbusho ya Ulaya kwa urahisi kwa sababu zilimwonyesha mnunuzi Afrika ya msitu na wanyama, ilhali bomba la moshi la kiwanda cha shaba lilionekana kutoka pande zote za mji.

Sasa ule ugomvi. Picha 101 zisingekuwepo kama profesa wa kigeni asingekuwa tayari kuzinunua. Wateja wa kawaida walinunua moja moja, na za mauaji ya wagoma-kazi wa Union Minière kwenye uwanja wa mpira, Desemba 1941, sidhani zingepata sebule nyingi. Fabian halifichi jambo hili, na hiyo ni heshima yake. Lakini matokeo ni kwamba historia iliyosimuliwa kwa Kiswahili ilisomwa kwanza kwa Kiingereza, na picha zenyewe zilikwenda Amsterdam, kwenye jumba la Tropenmuseum ambalo sasa linaitwa Wereldmuseum. Tshibumba mwenyewe alipotea mwanzoni mwa miaka ya 1980.

Wapo wanaofanya kazi tofauti siku hizi. Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, aliandaa na Bambi Ceuppens maonyesho ya uchoraji pendwa wa Kongo pale Bozar, jumba la sanaa la Brussels, mwaka 2016, na jumuiya ya wasanii iitwayo Picha, ambayo yeye ni mmoja wa waanzilishi wake, imekuwa ikiendesha tamasha la sanaa la Lubumbashi tangu 2008.

Kwa msomaji wa Kiswahili kuna njia fupi zaidi. Mazungumzo ya Tshibumba na Fabian yamewekwa mtandaoni kwa Kiswahili chake halisi, pamoja na tafsiri, katika hifadhi iitwayo Archives of Popular Swahili. Humo pia kuna historia ya mji wa Élisabethville iliyokusanywa na André Yav mwaka 1965, kutoka kwa watu waliofanya kazi kwenye nyumba za Wazungu. Kiswahili cha Katanga kitakuchanganya kidogo, ngeli zinakwenda kwa njia yake na Kifaransa kinaingia bila kupiga hodi. Kisome kwa sauti. Anza na sehemu za Lumumba, kisha rudi nyuma kwenye ule mgomo wa 1941.