Kutundika picha siyo kazi yote jamani

Nasikia sana watu wakisema jengo la kale ukilipiga rangi na kutundika picha basi tayari una makumbusho ya sanaa, hapana! Chukua Nairobi Gallery, ilijengwa 1913 kama ofisi ya serikali ya kikoloni, watu walienda hapo kuandikisha vizazi, ndoa na vifo, leo ndani kuna mkusanyiko wa sanaa wa Joseph Murumbi, aliyekuwa makamu wa pili wa rais wa Kenya. Sasa ofisi inataka madirisha ya mwanga mwingi, lakini jua hilohilo linafifisha rangi za picha na vitambaa, unyevu nao unaleta ukungu, na kuta za urithi huwezi kuzitoboatoboa ovyo, kila msumari unafikiriwa kwanza.