Acheni kutia nyeusi kwenye kila kivuli

Nimeambiwa tena, safari hii na mtu mzoefu wa rangi ya mafuta, kwamba kivuli cha uso hupatikana kwa kuchukua rangi ya ngozi na kuitia nyeusi. Jamani! Nendeni mkamtazame mchoraji Vlaho Bukovac.

Alizaliwa Cavtat, kusini mwa Kroatia, mwaka 1855. Alizunguka Amerika akiwa kijana, kisha 1877 akaingia chuo cha sanaa Paris chini ya Alexandre Cabanel, bingwa wa ngozi laini isiyoonyesha alama ya brashi. Mwaka 1882 picha yake La Grande Iza ilitikisa Salon, maonyesho makubwa ya sanaa ya Paris, na mwaka huohuo akamchora Malkia Natalija wa Serbia. Angebaki na mtindo ule, wateja wasingekauka.

Ila alipohamia Zagreb, mji mkuu wa Kroatia, miaka ya 1890, rangi zake zilifunguka. Katika picha yake Gundulićev san (Ndoto ya Gundulić) ya 1894, ile kahawia ya giza ya picha za studio imerudi nyuma. Zambarau na buluu zinaonekana hadi penye vivuli. Wachoraji vijana waliomzunguka wakaitwa shule ya rangi ya Zagreb, yaani kundi la mtindo mmoja.

Sasa hapa ndipo ninapotaka tuelewane. Mketishe mtu mwenye shati jeupe karibu na dirisha, umwangalie chini ya kidevu. Pale mwanga wa dirisha haufiki, lakini mwanga unaoruka kutoka kwenye shati unafika. Kwa hiyo kivuli kile kina rangi yake, na mara nyingi upande wa shingo una giza kuliko chini ya kidevu penyewe. Ukitia nyeusi unaua mwanga ule wa pili, na taya linabaki kama limepakwa masizi. Isitoshe, nyeusi ikikutana na njano iliyomo kwenye rangi ya ngozi inazaa kijani, halafu mtu anashangaa kwa nini mteja wake anaonekana mgonjwa. Kwa ngozi nyeusi hasara ni kubwa zaidi: paji la uso limebeba buluu ya anga, shavu lina wekundu kwa ndani, na nyeusi ya tyubu inavifuta vyote viwili.

Wala msikimbilie upande wa pili mkaitupa tyubu. Koti jeusi ni jeusi, lipakeni nyeusi, na hata hapo tazameni mkunjo ulioelekea dirishani umebadilika kuwa rangi gani. Ninachokataa ni nyeusi kugeuzwa dawa ya kila penye giza.

Kuna jambo linanisumbua kwa Bukovac mwenyewe. Mwaka 1903 alianza kufundisha katika Akademia ya Prague, na huko, hadi alipofariki 1922, alizidi kujenga picha kwa vinukta na vipigo vidogo vya brashi. Wengi wanayahesabu hayo kuwa maendeleo. Mimi sijashawishika. Vinukta vinaupa ukuta na nguo uhai, ila usoni mara nyingine naona mfupa wa shavu umeyeyuka, na sura isiyo na mfupa kwangu haijakamilika. Halafu nakutana na picha alizowachora watu wa familia yake, mwanga unatetemeka juu ya ngozi na bado mtu yupo, mzima. Huenda mbinu ile inamtaka mchoraji awe amemzoea sana anayemchora. Sijaamua bado.