Jina la Tatu Si Lazima Liwe Ukoo: Kusoma Majina ya Waswahili wa Mwambao

Magazeti ya Ulaya na Marekani humwandika Rais wa Tanzania kwa jina la "Hassan", kana kwamba huo ndio ukoo wake, ilhali kwao Zanzibar hakuna anayemwita hivyo. Samia ndilo jina alilopewa alipozaliwa, Suluhu ni baba yake, na Hassan ni jina la babu yake mzaa baba. Anayesema "Rais Hassan" anamtaja babu huku akidhani anamtaja mjukuu. Familia hiyohiyo inauonyesha utaratibu wetu kwa uwazi, kwa kuwa mume wake ni Hafidh Ameir na binti yao, ambaye naye ni mwanasiasa, anaitwa Wanu Hafidh Ameir. Mama na binti hawana hata jina moja linalofanana na wala hapana kasoro, kwa sababu kila mmoja amebeba jina la baba yake, na ndoa haimvui mwanamke jina hilo.

Kazi yangu ni kusoma nasaba katika hati za ndoa na za wakfu, katika maandishi ya makaburini na katika karatasi za shajara, yaani miti ya nasaba, ambazo wazee wamezihifadhi. Wanaokuja kwangu kutafuta asili zao huanza karibu wote kwa swali la ukoo, nami huwaomba kwanza waniambie jina la baba, la babu na la baba wa babu, kwa mpangilio huo, kwa kuwa jina la Mswahili ni mnyororo ambao kila kizazi huongeza pete moja mbele. Zamani pete hizo ziliunganishwa kwa "bin" kwa mwanamume na "binti" kwa mwanamke, na msomaji hakuweza kukosea. Maneno hayo mawili yalipoachwa katika maandishi ya ofisini, majina matatu yalibaki yamepangwa tu, na asiyejua desturi akalisoma la mwisho kama ukoo.

Mfano mzuri ni Profesa Ali Mazrui, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1933. Katika maandishi yake alijiandika Ali A. Mazrui, na herufi hiyo ya kati ni Al-Amin, baba yake, yaani Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, aliyekuwa Kadhi Mkuu wa Kenya na aliyefariki mwaka 1947. Nasaba ikiandikwa kwa urefu inakuwa Ali bin Al-Amin bin Ali, na hapo tunaiona desturi ya kumpa mjukuu jina la babu, ambayo imeenea mwambao mzima. Desturi hii ni hazina kwa mtafiti, kwani jina la mtoto humdokezea jina la babu hata pale hati zilipopotea. Lakini pia ni mtego, kwa sababu ni rahisi mno kuwachanganya babu na mjukuu na kuruka kizazi kizima. Nimeona shajara ambazo watu watatu wenye jina moja wamegeuzwa kuwa mtu mmoja aliyeishi umri usiowezekana.

Mazrui lenyewe ni nisba, yaani jina la kumnasibisha mtu na kabila au mahali. Mazaria, yaani watu wa kabila hilo la Mazrui, walitoka Oman na walitawala Mombasa hadi mwaka 1837, Sayyid Said, Sultani wa Oman na Zanzibar, alipowaondoa. Wengine wananasibishwa na mji, kama Sheikh Uways al-Barawi wa Barawa, na familia nyingi zenye asili ya Hadhramaut, huko Yemeni, hutambulika kwa "Ba" ya mwanzo, kama Bakathir na Basheikh. Nisba ndiyo iliyo karibu zaidi na ukoo wa Kizungu, lakini wenyeji wengi wa mwambao hawana nisba wanayoitumia, na walio nayo huitaja pale tu inapohitajika.

Jina la kwanza ndilo lenye habari nyingi zaidi, na ndilo linalosomwa vibaya zaidi. Mengi yanatokana na wakati wa kuzaliwa. Juma ni wa Ijumaa na Khamisi ni wa Alhamisi, ambaye upande wa Mrima, yaani pwani ya bara inayokabili Zanzibar, huandikwa Hamisi kwa kuwa huko "kh" imelainika. Rajabu, Shaabani na Ramadhani ni miezi, Maulidi ni wa Mfungo Sita, Saumu na Mwanaidi hueleza wenyewe, Chausiku alizaliwa usiku, na Masika alizaliwa mvua zikinyesha. Tatu aweza kuwa mtoto wa tatu au aliyezaliwa Jumatatu, na kwao tu ndiko wanakojua ni lipi. Hata hivyo ninamsihi kila msomaji asiutumie mwezi ulio katika jina kama cheti cha kuzaliwa. Shaaban Robert alizaliwa tarehe 1 Januari 1909, na siku hiyo ilikuwa katika mwezi wa Dhulhija, yaani Mfungo Tatu, mbali kabisa na Shaabani. Mtoto huenda akapewa jina la mwezi kwa sababu ndilo la babu yake au la somo yake.

Kuna pia kosa moja ambalo ningependa sana tuliache. Wengi hudhani kuwa Mwanaisha ni "mtoto wa Aisha" na Mwanajuma ni "mtoto wa Juma". Katika lahaja za kaskazini, Lamu na Pate, mwana ni bibi mwenye heshima, kama tunavyomwona Mwana Kupona binti Msham, aliyemtungia binti yake utenzi wa wasia mwaka 1858, au Mwana Mkisi, ambaye mapokeo ya Mombasa yanamtaja kuwa malkia wa kale wa mji huo. Mwanaisha basi ni Bi Aisha, Mwanajuma ni bibi wa Ijumaa, na Mwajuma ni jina hilohilo lililofupishwa. Kwa wanaume neno linalolingana nalo ni Mwinyi, lenye maana ya bwana au mwenye mji, ambalo lilikuwa cheo kabla ya kuwa jina.

Majina ya Shida, Tabu, Mashaka na Sikitu yana historia nzito zaidi. Mengine yaliwekwa na wazazi waliokwisha kuzika watoto, wakaamini kuwa jina la unyonge humfanya mtoto asitamaniwe na mauti wala kijicho. Mengine yanatoka katika utumwa. Siti binti Saad, mwimbaji mkubwa wa taarabu, alipozaliwa Fumba aliitwa Mtumwa, na Siti ni jina la heshima alilopewa baadaye mjini. Baada ya utumwa kupigwa marufuku Zanzibar mwaka 1897, waliokuwa wakiitwa Mabruki au Uledi bila jina la baba wengi walijichagulia majina mapya. Ndiyo maana nasaba nyingi hukatika ghafla hapo, na mtafiti mwenye adabu hamlazimishi mzee kueleza kwa nini.

Siku hizi mnyororo wenyewe unaganda. Abeid Amani Karume, Rais wa kwanza wa Zanzibar, alikuwa na mtoto, Amani Abeid Karume, aliyeongoza visiwa hivyo kuanzia 2000 hadi 2010. Jina la babu limerudi kwa mjukuu kama desturi inavyotaka, lakini Karume limebaki mwishoni kama ukoo. Hussein Ali Mwinyi, kwa hesabu ya zamani, angeitwa Hussein Ali Hassan, kwa kuwa baba yake alikuwa Ali Hassan Mwinyi. Fomu za shule na za pasipoti zinadai jina la mwisho lisilobadilika, na wazazi wanatii. Sina ugomvi na hilo, maadamu mnyororo kamili unaandikwa mahali pengine. Ninapokamilisha shajara ya familia humwandikia kila mtoto aliye hai jina lake hadi kwa babu wa nne, "bin" na "binti" zikiwa mahali pake, na pembeni jina analotumia kwenye pasipoti.