Waziri aliyerudi kuomba kura: dhana na ukweli

Mwambie Mtanzania kwamba zamani mbunge akiteuliwa waziri kiti chake kilikuwa wazi papo hapo, atadhani unamtania. Kwetu mtu akiteuliwa hupigiwa simu za pongezi, hafungashi kwenda kampeni. Lakini katika Bunge la Kanada ya kikoloni, yaani Ontario na Quebec za leo, ndivyo sheria ilivyotaka.

Dhana: Ni kama Kenya ya sasa. Hapana. Kenya, chini ya Katiba ya 2010, mbunge anayeingia Baraza la Mawaziri anauaga ubunge. Kule Kanada alirudi jimboni, akagombea uchaguzi mdogo, na akishinda akawa na vyote viwili. Chimbuko lake ni Uingereza, ambako wabunge waliogopa mfalme angewanunua wenzao kwa vyeo vya mshahara. Sheria ya 1701 ilikusudia kuwafungia nje kabisa wenye vyeo hivyo. Kabla haijaanza kufanya kazi ikalegezwa: pokea cheo, ila kawaulize kwanza waliokutuma kama bado wanakutaka.

Dhana: Kila waziri alipita. Wengi walipita bila kupingwa, ni kweli. Winston Churchill hakupita. Mwaka 1908, miezi michache baada ya safari yake ya Mombasa na Uganda, aliteuliwa waziri wa biashara, akarudi jimboni kwake Manchester North West na kubwagwa na William Joynson-Hicks. Ikabidi akatafute kiti Dundee.

Dhana: Uchaguzi mdogo peke yake ndio uliomwangusha George Brown, kiongozi wa upinzani Kanada. Hii inapendwa sana. Mwishoni mwa Julai 1858, huko Toronto, serikali ya John A. Macdonald na George-Étienne Cartier ilijiuzulu baada ya Bunge kuukataa mji wa Ottawa kuwa makao makuu. Brown akaapishwa tarehe 2 Agosti kushika uwaziri mkuu. Hapohapo yeye na mawaziri wake wakakosa viti, na kura ya kutokuwa na imani ikapigwa wao wakiwa nje. Ila walishindwa kwa tofauti kubwa mno; hata wangekuwemo wote ndani, hesabu isingetosha. Gavana Edmund Head naye akakataa kulivunja Bunge. Serikali ikafa tarehe 4.

Dhana: Macdonald alivunja sheria. Hakuivunja, aliisoma vizuri kuliko wenzake. Sheria ya 1857 ilisema waziri akiacha wizara na kupokea nyingine ndani ya mwezi mmoja, hahitaji kuchaguliwa upya. Ilikusudiwa kumwepushia uchaguzi waziri anayehamishwa tu. Sasa tazama: Brown alipoanguka, Macdonald na Cartier wakarudi madarakani, na tarehe 6 Agosti Macdonald, aliyekuwa Mwanasheria Mkuu, akala kiapo cha Postamasta Mkuu. Kesho yake akauacha uposta na kurudi kwenye wadhifa wake wa zamani. Sidhani kama aligonga muhuri hata barua moja. Cartier na wenzao kadhaa walicheza mchezo uleule. Wapinzani wakakimbilia mahakamani, mahakama ikasema maneno ya sheria yanaruhusu. Kwa macho yangu ulikuwa ujanja mtupu, maana Brown, aliyefuata njia ndefu, ndiye aliyebaki akiomba kura mitaani Toronto. Kiti chake alikipata, uwaziri mkuu ukiwa umeshakwenda.

Dhana: Utaratibu huo ulikufa karne ya 19. Uingereza iliufuta 1926, Kanada 1931. Western Australia waliendelea nao mpaka 1947.