Fidia ya ardhi inaweza kupingwa mahakamani
"Ardhi ni ya Rais, fidia ni hisani, ukibisha unakosa vyote." Ujumbe huu unazunguka sana kwenye magrupu, na si kweli. Kinachochanganya watu ni kwamba Tanzania ardhi yote ni ya umma, Rais akiwa mdhamini. Lakini haki yako juu ya kiwanja ni mali, na Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia kamili, ya haki na ya haraka serikali inapoitwaa ardhi yako. Soma kifungu cha 13 cha Sheria ya Utwaaji wa Ardhi: mgogoro wa kiasi cha fidia usipoisha ndani ya wiki sita tangu notisi ya kutwaa ardhi itangazwe, unaweza kufungua shauri Mahakama Kuu. Kagua pia fomu ya uthamini, ile inayoorodhesha mali zako na thamani yake. Migomba na choo husahaulika. Ujumbe huo tafadhali usiusambaze.