Sandwichi ya Reuben kwenye bakuli la oveni, kwa nyumba ya watu wawili: dhana potofu na ukweli

Reuben ni sandwichi ya Wamarekani: mkate wa rai (nafaka inayofanana na ngano), nyama ya ng'ombe iliyolowekwa siku kadhaa kwenye maji ya chumvi na viungo kisha ikachemshwa mpaka ikalainika, kabichi iliyochachushwa, chizi ya Uswisi, na sosi ya mayonezi yenye wekundu wa tomato. Vitu hivyohivyo ukivipanga kwenye bakuli, ukavimwagia mayai na maziwa, ukaoka, unapata chakula cha jioni kinachoshiba na unachoweza kukiandaa tangu asubuhi. Shida ni kwamba mapishi yake mengi yameandikwa kwa watu sita mpaka wanane. Mtu anayeishi na mwenzake tu, au peke yake, anaishia kula mabaki wiki nzima, au anapunguza vipimo kwa kubahatisha na chakula kinatoka uji. Kinaharibika kwa sababu ya mambo machache ambayo watu wameyashika sivyo, na yote yanarekebishika.

Dhana: Ukipika nusu, gawa kila kitu kwa mbili, na dakika pia.

Viungo vinagawanyika. Dakika hazigawanyiki. Joto linaingia kutoka nje kwenda katikati, kwa hiyo kinachoamua muda ni kina cha chakula kuliko wingi wake. Trei ya kawaida ya mapishi ya Kimarekani ina sentimita 23 kwa 33, sawa na sentimita za mraba 759. Bakuli la sentimita 20 kwa 20 lina 400, nusu na kidogo. Ukitia nusu ya viungo humo, kina kinabaki karibu kilekile, na muda unapungua kidogo tu: kama mapishi yalisema dakika 45, anza kuchungulia kwenye 35. Moto haubadiliki. Nyuzi 180 zinabaki 180.

Mimi napendelea kopo refu la kuokea mkate, la sentimita 23 kwa 13. Lina eneo la sentimita za mraba 299, na linatoa vipande vinne vya heshima: viwili vya leo, viwili vya kesho. Vipimo vyake ni hivi: slesi 4 za mkate (kama gramu 150), nyama iliyokwisha kuiva gramu 180, kabichi iliyokamuliwa kikombe kimoja, chizi gramu 100, sosi vijiko 3 vya mezani, mayai 2 na maziwa mililita 200. Chumvi usitie hata chembe. Nyama ina chumvi, kabichi ina chumvi, chizi ina chumvi, sosi nayo vilevile.

Kibaya kuliko vyote ni kutandaza nusu ya viungo kwenye trei ileile kubwa. Chakula kinakuwa chembamba, kingo zinakauka na kuungua.

Na mapishi yako yakikudai yai moja na nusu? Piga la pili kwenye kikombe, utie nusu yake. Yai kubwa bila ganda ni kama gramu 50, hivyo nusu haifiki vijiko viwili vya mezani vilivyojaa. Inayobaki kaanga kesho asubuhi.

Dhana: Mkate laini wa leo ndio utakaotoa chakula kizuri.

Hapa ndipo wengi wanapokwama, na inaniuma kwa sababu dawa yake haina gharama. Mkate laini umeshajaa unyevu wake. Ukiumwagia mayai na maziwa hauna pa kuyaweka, unalegea na kuwa tope. Unaotakiwa ni wa juzi, ule ukiubonyeza haurudi. Huo unafyonza mchanganyiko kama sifongo, kisha mayai yakishika ndani yake unabaki umesimama na kisu kinapita bila kuuburuza.

Kama una mkate wa leo tu, kata vipande vya ukubwa wa kidole gumba, vitandaze kwenye trei, na uviweke kwenye oveni ya nyuzi 150 kwa dakika 10 mpaka 15. Unataka juu pawe pakavu pa kukwaruza, bila rangi ya kuungua. Ukishamwaga mayai na maziwa, acha bakuli litulie dakika 20 kabla ya kuoka. Au lifunike ukaliweke kwenye friji tangu asubuhi mpaka jioni. Usiliache mezani, kwa sababu mayai mabichi na maziwa haviachwi mezani.

Mkate mkavu na mkate wenye ukungu ni vitu viwili. Nyuzi za ukungu zinaingia ndani kuliko jicho linavyoona, na kukata kile kijani hakuutoi. Tupa.

Wasiopata mkate wa rai wasihangaike. Boflo inafaa, mkate wa slesi wa kahawia unafaa zaidi. Harufu ambayo watu wengi wanaidhania ni ya rai, mara nyingi ni ya kisibiti, kwa kuwa mikate mingi ya rai ya Marekani inatiwa kisibiti. Nunua kidogo dukani kwa muuza viungo, nyunyiza nusu kijiko cha chai kati ya matabaka, na harufu ya Reuben itakuwepo.

Dhana: Ile kabichi imelowekwa kwenye siki, na maji yake yanaongeza ladha kwenye bakuli.

Kabichi ya asili ya aina hii haitiwi siki. Inakatwa nyembamba, inapigwa chumvi kama gramu 20 kwa kila kilo moja, inasindiliwa kwenye chupa mpaka maji yake yenyewe yaifunike, na bakteria waliokuwa tayari kwenye majani wanageuza sukari yake kuwa asidi ya laktiki. Uchachu unatoka hapo. Unaweza kuichachusha mwenyewe Dar es Salaam au Mombasa, ila joto letu linaiharakisha na inalainika upesi, kwa hiyo ionje mapema, na ikifika unapopenda iingize kwenye friji.

Maji yake ni mazuri kweli, lakini yanywe au yaweke kwenye saladi. Kwenye bakuli yanaharibu kila kitu. Ishike kabichi konzi moja, ikamue juu ya sinki kwa nguvu zote. Maji yatachuruzika, kisha yatadondoka, kisha yataisha. Kamua tena. Kiwe kikombe kimoja baada ya kukamua, si kabla. Kwenye trei ya watu wanane maji kidogo yaliyozidi yanaweza kufichika. Kwenye kopo la watu wawili hayana pa kujificha.

Wapo pia wanaoipika hivi wakitegemea wale bakteria hai wa kusaidia tumbo. Oveni inawaua. Ukiwataka, weka kabichi mbichi kidogo pembeni ya sahani.

Dhana: Nyama ikibaki ya waridi, haijaiva.

Rangi hiyo inatokana na naitraiti, chumvi ya kuhifadhia nyama, inayotiwa kwenye maji ya chumvi, na haiondoki hata ukichemsha kutwa. Pima uivaji kwa uma: ukipenya na kutoka bila kung'ang'ania, nyama iko tayari. Nyama ya kopo imeshapikwa ndani ya kopo lake. Hiyo liweke kopo kwenye friji saa kadhaa kabla ya kulifungua. Ikipoa inakatika slesi safi, ikiwa na joto inavurugika.

Dhana: Ni chakula cha maduka ya Wayahudi, kwa hiyo ni kosher (yaani halali kwa Wayahudi), na kwa Mwislamu hakina shaka.

Reuben inachanganya nyama na chizi. Sheria ya vyakula ya Kiyahudi inakataza kupika nyama na maziwa pamoja, basi Reuben ya kawaida si kosher hata kidogo, ingawa inauzwa kwenye maduka yenye asili hiyo. Mwislamu ana la kuangalia pia. Haina nguruwe, lakini ng'ombe lazima awe amechinjwa kihalali, na baadhi ya chizi zinagandishwa kwa kimeng'enya cha tumbo la ndama. Soma lebo. Anayeishi Marekani na bucha la halali liko karibu anunue kidari na kukiloweka mwenyewe kwenye friji. Ni kazi ya subira ya kama wiki moja, lakini ladha yake inazidi ya kopo.

Kuhusu asili yenyewe, wenyewe hawajakubaliana. Watu wa Omaha, Nebraska, wanamtaja muuza vyakula Reuben Kulakofsky na michezo ya karata ya hoteli ya Blackstone katika miaka ya 1920. Watu wa New York wanamtaja Arnold Reuben, mwenye duka la vyakula. Kinachojulikana ni kwamba mwaka 1956 Fern Snider, mhudumu wa Blackstone, aliipeleka kwenye shindano la taifa la sandwichi na ikashinda. Ile sosi yake ya mayonezi na tomato, inayoitwa ya Kirusi, nayo ni ya Marekani.

Dhana: Bila kopo la supu nzito si chakula cha bakuli.

Mazoea hayo yalienezwa na kampuni za supu. Mfano maarufu ni bakuli la maharagwe mabichi lililobuniwa na Dorcas Reilly mwaka 1955 katika jiko la majaribio la Campbell. Kopo lile linatosha trei ya familia. Nyumba ya wawili inabaki na nusu kopo na chumvi ya ziada. Mayai na maziwa yanafanya kazi hiyo vizuri zaidi.

Dhana: Asiye na oveni hana lake hapa.

Pwani watu wanaoka mkate wa mayai na wa kumimina kwa makaa juu na chini tangu zamani. Chukua sufuria nzito, ipake siagi, panga matabaka yako, funika kwa kifuniko bapa. Makaa machache chini, mengi juu. Tofauti na keki, hiki kina unyevu mwingi, kwa hiyo moto wa chini uwe mdogo kabisa na uende taratibu. Chizi ya juu itie dakika 10 za mwisho. Kwenye oveni nako funika foili dakika 20 za kwanza, vinginevyo chizi inakakamaa wakati katikati bado ni maji. Mwenye kipimajoto achome katikati: nyuzi 74.

Dhana: Kilichobaki kiache mezani kipoe kabisa, ndipo ukitie kwenye friji.

Bakteria wanazaana upesi kati ya nyuzi 5 na 60. Chakula kilichopikwa kisipite saa mbili nje, na hewa ikizidi nyuzi 32, kama Mombasa wakati wa kaskazi, kisipite saa moja. Kata vipande, vipange kwenye chombo kisicho na kina, viingie kwenye friji hata vikiwa na uvuguvugu. Vitakaa siku 3 mpaka 4. Vya kugandisha vifunge kimoja kimoja.

Kupasha moto, maikrowevu inalegeza mkate. Weka kipande kwenye kikaango chenye siagi kidogo, moto mdogo, funika dakika 5, geuza, funika tena mpaka katikati pafuke mvuke. Upande uliogusa kikaango unatoka na ukoko wa chizi, na huo ndio ninaougombania nyumbani.